Zamu ya Mwisho Malkani

Mzee wa Zamu hakustahimili watu wawili kusema kwa pamoja. Ukiingia hotelini kwangu ukamkuta anazungumza na mtu, nawe ukadakia neno, aliinua kidole kimoja bila kukutazama, na kidole kilikaa juu mpaka aliyeanza amalize. Kisha alikielekeza kwako. "Sasa wewe." Mara nyingi ulikuwa umeshasahau ulichotaka kusema, na yeye alicheka kimoyomoyo, mabega yakimtikisika.

Nasema hotelini kwangu, lakini usije ukadhani ni jumba. Ni kibanda cha mabati kando ya barabara kuu, kati ya Garsen na Minjila: chai, mahamri, na maharagwe yakipatikana. Mimi ni Mgiriama, wazee wangu walikuja huku kulima, na watu huniita Mama Chai. Yeye alikuwa Muorma, mfugaji. Kwa miaka mingi alikuja kila asubuhi, akakaa benchi lile lile, akamimina chai kwenye kisahani, akalalamika.

"Mama Chai, hii chai yako iko na maji mingi."

"Basi kesho lete maziwa mengi, Mzee."

Na kweli alileta, maana alilipa kwa maziwa. Jina lake alilopewa na wazazi sikumbuki kulisikia likitamkwa hotelini hata siku moja. Kazi yake ndiyo iliyokuwa jina.

Kazi yenyewe ilikuwa hii. Malka ni njia ya ng'ombe ya kushukia mtoni. Huku na huku kuna mashamba ya Wapokomo, mpunga na migomba, na katikati unaachwa uwazi mpana ambao haulimwi, haujengwi, wala hauna mwenyewe. Kiangazi kikikaza, ng'ombe huja kutoka mbali kwenye nyika, makundi kwa makundi, wana kiu ya siku kadhaa na wameshanusa maji. Wakiachiwa wote kwa pamoja watakanyagana, wataingia mashambani, na wenyewe watashikiana fimbo. Kwa hiyo wazee humweka mtu mmoja pale juu, wa kusema nani ashuke kwanza na nani angoje. Huyo ndiye alikuwa yeye.

Aliwatanguliza waliotoka mbali zaidi. Kisha kundi lenye ng'ombe wengi wanaonyonyesha, kisha majirani, kisha wake yeye, wa mwisho kabisa. Hilo la mwisho hakuna aliyempangia. Alijipangia mwenyewe, na ng'ombe wake walikunywa matope miaka yote bila yeye kunung'unika. Watu walimheshimu kwa sababu hiyo kuliko kwa ndevu zake.

Ugonjwa huu wa kupanga watu haukuishia mtoni. Hotelini aliwapangia wateja wangu nani apewe chai kwanza, nami nikawa nachemka kuliko sufuria. Msafiri kwanza, halafu mjamzito, halafu mgonjwa. Siku moja dereva wa lori la saruji alipiga meza akitaka maharagwe upesi, na mzee akamwambia kwa upole, "Wewe wa tano." Dereva akaniuliza, "Huyu ni nani hapa, meneja?" Nikamwambia ndiye. Akangoja, akala, akaacha chenji.

Kwenye zahanati nesi aliwahi kumfukuza kwa kujitia kuwapangia wagonjwa foleni. Haikupita wiki akatuma mtu kumwomba arudi, maana kina mama walikuwa wanavutana vitambaa mlangoni.

Lakini nisimpambe. Alikuwa mkaidi, alidharau mbuzi na watu wenye mbuzi, alikuwa na redio ndogo aliyoiweka sikioni wakati unaposema naye. Alichukia lami kwa mdomo, na bado alipenda kukaa kando ya barabara kutazama magari, akiyajua mabasi kwa honi zake kabla hayajatokea. Na alikuwa na kinyongo. Swala tano hazikumpita, funga hakuikosa, lakini mtu akishamkosea, alimweka moyoni pale alipomweka na hakumtoa tena. Mimi nilimpenda kwa hilo. Watu wa kusamehe upesi wananichosha.

Sasa nimtaje mwenye lori, maana bila yeye mzee huyu angekufa mtu mpole. Alikuwa jirani yetu sote, ana lori la mchanga na zizi kubwa la ng'ombe. Sitataja kabila lake, kwa kuwa alitutendea wote sawasawa. Iliposikika kwamba barabara itapanuliwa na kuinuliwa, na kwamba watakaopitiwa watalipwa fidia, wengi wetu tuliingiwa na wazimu kidogo. Kuna mtu alichomeka minazi mitatu shimo moja. Kuna aliyejenga choo bila nyumba. Mwenye lori yeye alikuwa na kipande cha shamba kando ya malka, kwa karatasi halali. Wapimaji walipoonekana Tarasaa, akazungushia malka yenyewe waya na miiba, akapanda humo migomba iliyokuja na majani yake tayari, akasimamisha kijumba cha udongo ambacho hakijawahi kupikiwa hata uji. Karatasi ya kipande kile akaivuta mpaka ikafunika njia nzima ya ng'ombe.

Na hoteli yangu ilikuwa ukingoni mwa malka. Wazee ndio walioniruhusu kukaa pale, Mzee wa Zamu akiwa mmoja wao. Nilipakwa ile X nyekundu ya kubomolewa ukutani kama wengine, nikajipa moyo kwamba ninayevunjiwa ndiye ninayelipwa. Kumbe kwenye vitabu vyao nilishaandikwa mpangaji wa mwenye lori. Fidia ya kibanda changu, jiko langu, na mahali ambapo madereva walizoea kusimama kwa miaka, ilipita juu ya kichwa changu ikaenda kwake. Mimi niliambiwa ning'oe mabati yangu mapema yasikunjwe na tingatinga. Sijasahau, wala sina mpango wa kusahau.

Kabla ya kulipwa kuliitishwa baraza, kila mtu aseme lake. Afisa wa ardhi alikuja kutoka mbali, kijana mwenye adabu, koti limemganda mgongoni kwa jasho. Akasoma vipande kimoja kimoja na majina ya wenyewe. Alipofika kwenye malka akasoma jina la mwenye lori, na mwenye lori akasimama, akasema mbele ya watu wote, "Ni yangu. Niliachiwa na marehemu baba."

Afisa akauliza, "Kuna anayepinga?"

Hapa inabidi nieleze, kwa sababu yote yalitoka hapa. Katika vikao vya wazee hawa, mtu akisimama akasema uongo juu ya jambo linalojulikana na kila mmoja, hajibiwi. Kumjibu ni kumheshimu, ni kukubali kwamba neno lake linastahili kupimwa. Watu husimama, humpa mgongo, kisha huondoka. Mtu aliyepewa mgongo na kikao kizima hana pa kuweka uso. Kabla jua halijatua atakuwa anawakimbilia nyuma, kilemba mkononi, aombe radhi. Nimeona mara moja maishani mwangu, na yule mtu alilia kama mtoto.

Basi Mzee wa Zamu akasimama wa kwanza. Akageuka taratibu, akampa mgongo mwenye lori. Wazee wenzake wakafuata, mmoja baada ya mwingine. Wakakaa hivyo kimya, kisha wakakung'uta shuka zao, wakaondoka wote. Kwao wao walikuwa wametoa hukumu kali kuliko zote. Kesi imekwisha.

Afisa alitazama saa yake. Adhuhuri ilikuwa imekaribia, akadhani wanawahi swala. "Hakuna pingamizi," akasema, akaandika.

Nilipiga kelele kutoka nyuma walikokaa wanawake. "Bwana afisa, wamekataa! Hao wamekataa!"

"Mama," akasema kwa upole, "hakuna aliyesema kitu."

Nilimtazama mwenye lori. Yeye alijua fika. Uso ulikuwa umempauka, nikadhani atawakimbilia. Akakaa chini. Kati ya uso wake na fidia, alichagua fidia.

Wazee walikuja kuelewa tingatinga zilipoanza kumwaga kifusi kwenye malka. Mzee wa Zamu alipanda gari kwenda Hola, kwenye ofisi za ardhi, zaidi ya mara moja, siku moja nikaenda naye kwa ajili ya kibanda changu. Ofisini walitupokea vizuri, sina la kusingizia. Tatizo likawa lile lile.

"Mzee, siku ile mlinyamaza," akasema yule wa mezani.

"Hatukunyamaza. Tulimpa mgongo."

"Mgongo hauandikwi, Mzee."

Mzee akafikiri. Kisha akaeleza anachotaka, polepole, ili asikosee Kiswahili. "Mimi sitaki pesa. Njia haikuwa ya mimi, nitalipwa nini? Pesa ya kibanda mpe huyu mama. Mimi nataka tobo chini ya barabara. Ng'ombe ipite chini, gari ipite juu. Hiyo ndio fidia."

Wakamwambia michoro ilishapita, kwamba kumbukumbu zinaonyesha pale ni shamba la mtu wala si njia ya mifugo, na shamba la mtu halichimbiwi tobo la ng'ombe. Lakini yule wa mezani, Mungu ambariki, alituambia ukweli wa mwisho. Aliyelipwa akija mwenyewe, akatamka barazani kwamba pale hapakuwa pake, jambo linaweza kufunguliwa upya, na tobo na kibanda vyote vikajadiliwa. Tuliposhuka garini tukirudi, mzee aliniambia, "Tunataka neno moja tu la huyo mtu." Tangu siku hiyo tukaliita hivyo mimi na yeye, lile neno.

Mwenye lori hakulitoa. Angelitoa angetakiwa kurudisha alichokula, na alishakila chote.

Barabara ikapita, imeinuka juu ya tuta. Ng'ombe wakawa wanapandishwa tuta, wanavuka lami, wanateremka upande wa pili kwenye kilichobaki cha malka. Kiangazi cha kwanza baada ya hapo makundi yalikusanyika kama kawaida, na Mzee wa Zamu akasimama mahali pake, akaanza kuita. Waliotoka mbali wakaenda. Wanaonyonyesha wakaenda. Majirani wakaenda. Kisha akaita kundi lake mwenyewe, na watu wakageuka kumtazama, maana yeye huwa wa mwisho. Akabaki mwenye lori.

Mwenye lori, kwa ujinga wake, akafurahi. Alidhani mzee amemwachia nafasi yake ya heshima. Alikuja hotelini, kibanda changu kipya huku nyuma zaidi ambako magari hayasimami, akajisifu kwamba wamepatana. Nikamkorogea chai, nikamwacha aseme.

Ilimchukua muda kuelewa kwamba ni kila siku. Siku hadi siku, ng'ombe wake walisimama juani tangu asubuhi wakitazama wenzao wanakunywa. Walipofika majini yalikuwa uji wa tope na mkojo, na jua limeshuka, saa ambayo mamba huanza kusogea kwenye kingo. Wachungaji wake wa kuajiriwa wakaacha kazi, mmoja baada ya mwingine. Akija mtu mgeni kabisa, na kundi lake limechelewa, mzee alimwambia, "Pita, uko mbele ya yule." Mwenye lori alifoka mara moja.

"Unaninyima maji!"

"Mimi sinyimi mtu maji. Ni haramu," mzee akajibu. "Wewe iko zamuni."

Ndipo akaamua kuhamia malka nyingine, mbali upande wa chini. Kule wazee wakamkaribisha vizuri, wakamwuliza alikotoka alikuwa wa ngapi. Kudanganya hakuthubutu, watu wanajuana. Akasema wa mwisho. "Basi na hapa," wakamwambia. Akarudi kwetu na ng'ombe wamekonda zaidi. Nilicheka mpaka nikashika mbavu. Sioni haya kusema nilifurahi. Kila ng'ombe aliyekonda niliona bati langu moja linarudi.

Mzee wa Zamu naye hakutosheka na zamu peke yake. Asubuhi moja basi lilimgonga ng'ombe wake juu ya lami, jike la maziwa alilolipenda kuliko yote, lile lililokuwa linalipa chai yangu. Alimwahi akamchinja, nyama akaigawa yote, mwenyewe hakuonja. Ngozi aliibeba begani mpaka kwa mwenye lori, akaianika juu ya ua wake, pale pale malka ilipokuwa ikipita. Ikakaa hapo ikakauka, ikanyeshewa, ikanuka. Mwenye lori hakuthubutu kuigusa, na wake zake wakaanza kutokea mlango wa nyuma.

Maalimu wa msikiti alijaribu kumlainisha. Walikaa kwenye benchi langu, nami nikijitia nafuta meza. Maalimu akamkumbusha malipo ya anayesamehe. Mzee akasikiliza vizuri, kidole chini, mpaka maalimu akamaliza.

"Nitasamehe," akasema.

"Alhamdulillahi. Lini?"

"Zamu yake ikifika."

Maalimu akaniangalia kana kwamba nami nina neno la kumsaidia. Nikamwongeza mahamri.

Wapo waliosema mzee amepita kiasi, kwamba anatesa wanyama wasiojua baraza wala fidia. Hilo nililisikia na lilinichoma kidogo. Nilimwuliza siku moja kama hawaonei huruma. Akamimina chai kwenye kisahani, asiinywe. "Nawaonea sana," akasema. "Wao ndio walinyang'anywa njia. Hata wale wa kwake." Kisha akaweka redio sikioni, mazungumzo yakaisha.

Miaka ikamla. Miguu ikakataa tuta, wakamweka mwingine kusimamia malka, na huyo akaendeleza mpango kama alivyoukuta. Mwenye lori aliuza lori, zizi likabaki na ng'ombe wa kuhesabika kwa vidole. Jina la mwenye lori tulishalizoea, tukaendelea kumwita hivyo.

Mara ya mwisho kumwona mzee nilitumiwa habari kwamba amelala, hainuki tena, na anawaita watu waagane. Nilifika kwake jua likiwa limepanda. Nje, chini ya kivuli cha ukuta, watu walikuwa wamekaa kwa mpango, na hata sikushangaa. Binti yake alikuwa mlangoni akiwaita alivyoagizwa kutoka ndani. Na kando, peke yake kwenye kigoda, alikuwa mwenye lori. Amefunga mitamba miwili kwenye mti. Alikuwa amefika alfajiri, kabla ya wote.

"Mama Chai, wewe pita," binti akasema. Nikapita mbele ya mwenye lori, na nakiri nilipunguza mwendo nilipomfikia.

Mzee alikuwa amebaki mifupa na macho. Nilikaa mkekani karibu naye.

"Chai umeleta?"

"Nimeleta, Baba."

"Iko na maji mingi," akasema, hajaionja. Nikacheka, machozi yakanitoka. Nilimlowanisha midomo kwa kijiko. Akapumzika, kisha akauliza, "Yule bado yuko nje?"

"Yuko. Ameleta mitamba miwili."

"Na lile neno?"

Nilitoka. Mwenye lori akainuka haraka, akadhani ameitwa. Nikamwambia, "Mzee anauliza kama umeleta lile neno. Useme barazani kwamba pale hapakuwa pako."

Alitazama mitamba yake. Akatazama barabara kule juu ya tuta. Alikuwa amezeeka naye, shingo imekuwa nyembamba ndani ya kola.

"Mama, niombee tu anisamehe. Hayo mengine yamepita."

"Kwangu hayajapita," nikasema. Nikarudi ndani.

"Hakuna neno, Baba."

Mzee alifumba macho. "Basi, bado," akasema. Sikumharakisha kuondoka. Nilikaa pale nikila muda, nikimsimulia habari za madereva, mpaka pumzi yake ikaonyesha amechoka. Baada yangu akaingia bibi wa jirani, kisha nesi mstaafu wa zahanati, kisha watu waliokuwa ndio kwanza wanashuka kwenye gari kutoka Garsen. Mwenye lori aliinuka kila mlango ulipofunguliwa, akakaa tena. Magharibi ilipokaribia binti akatoka, akaegemea ukuta, akajifunika uso kwa mtandio. Hatukuhitaji kuambiwa.

Walimzika asubuhi. Makaburi ya kwao yako upande wa pili wa barabara, karibu na mto. Sisi wanawake tulibaki uani, tukatazama wanaume wakitoka na jeneza, wakipokezana mabegani kila hatua chache, kila mtu apate thawabu yake. Mwenye lori alikuwa pembeni, akaja, akanyoosha mkono. Waliokuwa mbele wakapokezana, wa kati wakapokezana. Hakuna aliyemsukuma, na hakuna aliyempangia. Jeneza lilimpita tu, naye akafuata nyuma ya watu wote.

Walipanda tuta. Wakasubiri basi lipite, wakavuka lami mbiombio, wakateremka na mzee wao. Mwenye lori alipofika juu, yakatokea malori ya mchanga, moja, jingine, na jingine nyuma yake, yanapiga honi. Akasimama kando ya barabara aliyolipwa, kofia mkononi, akingoja yamalize kupita, na kule chini watu walikuwa wameshaanza kufukia. Nilimtazama mpaka mwisho. Kisha niliingia jikoni kuwasaidia wenzangu kupika.